Niliyomjibu Wandera

Malaba, Jumapili alasiri, Januari 1999

Nabwire mwanangu,

Habari za blanketi, sabuni na dawa za malaria mama yako amekwisha kukupa, naye anazijua kuliko mimi. Sina la kuongeza hapo. Ninaandika kwa sababu ya maneno uliyosema leo asubuhi kanisani ulipoitwa mbele uombewe safari.

Niliyaandika kwenye shajara mara tuliporudi nyumbani, kwa hiyo nina hakika nayo. Ulisema: "Mimi naenda kusoma theolojia kwa sababu ya baba mdogo Wandera. Alikufa akijua jina lake limo. Baba ndiye alimwambia, na mimi nataka kujua kuwaambia watu wengine vile." Watu wakapiga makofi. Mchungaji akaniambia nisimame niwapungie watu mkono. Nikasimama. Nikapunga. Mama yako alikuwa akitazama sakafu.

Nabwire, baba yako mdogo hakufa akijua jina lake limo. Alikufa akiamini halimo, na aliyemfanya aamini hivyo ni mimi.

Nimeiandika sentensi hiyo mapema ili nisipate nafasi ya kuizunguka. Miaka sita nimeizunguka. Sasa nitakueleza ilivyokuwa, kwa utaratibu, kwa kuwa utaratibu ndio kitu pekee ninachokijua.

Ile katoni ya vitabu uliyoniomba uende nayo ilitoka kwa mwalimu Mholanzi aliyekuwa akizunguka huku mpakani kufundisha wainjilisti na wazee wa kanisa. Muda wake ulipokwisha aliniachia mimi, kwa sababu mimi ndiye niliyekuwa nikimtafsiria, na pia, alisema, kwa sababu darasani mwake ni mimi peke yangu niliyeandika tarehe juu ya kila ukurasa. Vilikuwa vitabu ishirini na tatu. Vyote vilihusu Ukalvini: mafundisho yake, historia yake, na hoja za waliompinga mwanzilishi wake, yule mwalimu wa Geneva, na wafuasi wake. Nilifurahi kama mtu aliyepewa ng'ombe. Mimi niliishia kidato cha nne, unajua. Nilijiambia, hiki ndicho chuo kikuu changu, kimeletwa mlangoni.

Nikavipa namba kama vilivyokuwa vimepangwa, kutoka juu kwenda chini. Vya mafundisho vilikuwa juu, vya historia katikati, na vya wapinzani chini kabisa, namba kumi na tisa mpaka ishirini na tatu. Niliapa kutogusa kitabu kabla sijamaliza kilichokitangulia. Nilisoma kurasa kumi kila asubuhi kabla ya kwenda kazini, kamusi pembeni, daftari mbele yangu. Ulikuwa ukiniona ulipokuja likizo kutoka kwa nyanya yako Butula. Ulikuwa ukipita kwa vidole vya miguu usinisumbue.

Nilijifunza kwamba mwanadamu ameharibika kiasi cha kutoweza hata kutaka kuokoka. Kwamba kabla dunia haijawekwa Mungu aliteua baadhi ya watu bila kutazama wema wao, na wengine akawapita. Kwamba neema ikimjia aliyeteuliwa haizuiliki, na aliyeteuliwa hapotei. Sitakuambia ni mafundisho ya kijinga. Watu wenye akili kuliko mimi na wewe wamekufa kwa ajili yake. Na mimi yalinifaa. Kazi yangu ni kukagua hati za malori kabla hazijapelekwa forodhani; mchana kutwa nasikia madereva wakibembeleza, karani hivi, karani vile, nina mgonjwa nyumbani, mzigo utaoza. Mungu ambaye orodha yake imekwisha kuandikwa, na hakuna wa kumbembeleza, niliona huo ndio usafi wenyewe. Angalia basi kilichonivuta kwake. Sikuvutwa na upendo. Nilivutwa na orodha.

Jumapili ya mwisho ya yule Mholanzi, alihubiri juu ya uteule. Ulikuwa ni ule mwaka wa kura za vyama vingi, kila mtu sokoni anazungumza habari za kujiandikisha. Kwa Kiingereza, uteule wa Mungu na uchaguzi wa kura ni neno moja, election. Nami, mtafsiri wa kutegemewa, nikasimama nikasema kwa sauti kubwa: "Mungu alifanya uchaguzi kabla ya kuumba dunia."

Mama Sabina, yule muuza omena, akauliza palepale, "Na sisi tulikuwa wapi? Mbona hatukuitwa kujiandikisha?"

Wandera alikuwa amesimama mlangoni ameshika baiskeli yake isiibwe. "Mzee karani," akaita, "muulize mgeni, ilikuwa ya mlolongo ama ya sanduku?"

Wewe ulikuwa mdogo, lakini umesikia habari za mlolongo, watu walivyopangwa foleni nyuma ya wagombea, na mstari mfupi ukatangazwa kuwa ndio mrefu. Mtu mmoja upande wa wanaume akajibu, "Kama ni mlolongo, basi hata huko mbinguni wafupi ndio wamepita!"

Kanisa zima likaangua kicheko. Mholanzi naye akatabasamu, akaniinamia. "Wanasema nini?"

"Wanasema amina," nikamwambia.

Jumapili iliyofuata nilijaribu kurekebisha. Nikaeleza kwamba neno sahihi ni uteule, si uchaguzi, na kwamba mambo hayo mawili hayahusiani. Kazi bure. Neno likishaingia masikioni mwa watu hulitoi kwa tangazo. Tangu siku hiyo Wandera akinikuta barabarani, abiria nyuma, jasho linamtoka, ananipigia kelele: "Mzee karani! Rejista imefunguliwa?" Nami nilikasirika kila mara. Niliandika katika shajara kwamba ndugu yangu anadhihaki mambo matakatifu. Niliandika hivyo mara nne. Jana nilizihesabu.

Unamkumbuka akiwa mzima. Baiskeli nyeusi yenye kiti cha sponji nyuma, akivusha watu kutoka geti letu mpaka geti la Uganda, akiita "Boda! Boda! Ssebo, boda!" mpaka sauti inakauka. Wewe mwenyewe alikuwa akikubeba kutoka dukani bila kukuuliza nauli, na mama yako akimfokea kwa mwendo wake. Alikuwa na wanawake pande zote mbili za mpaka na hakuficha. Alipoanza kukonda, watu walisema ni ule ugonjwa ambao Waganda waliuita slimu, na kwa kuusema tu wakaacha kupanda baiskeli yake. Mama yako ndiye aliyesema aletwe kwetu. Tukampa kile chumba cha nyuma, nilimokuwa nimeweka katoni ya vitabu. Wewe ulikuwa Butula, darasa la saba, na hukuambiwa amefikia wapi.

Siku yenyewe ilikuwa Alhamisi ya mwezi Machi, saa kumi jioni. Nilikuwa nimefika kitabu namba kumi na nne. Mama yako alikuwa amekaa kitandani ameshika kikombe cha uji, akimnywesha kwa kijiko. Nikaingia kumjulia hali.

"Mzee karani," akasema.

"Naam."

"Ile rejista."

Nilidhani anatania, nikataka kutoka. Akaniita tena, safari hii kwa jina langu la utotoni, ambalo hakuna aliyebaki wa kuniita tena isipokuwa nyanya yako. Akauliza, "Mimi nimo?"

Mama yako alinitazama. Nilielewa kabisa alichotaka niseme. Neno lenyewe lina herufi tatu: umo.

Nikasema, "Rejista hiyo hatuonyeshwi, Wandera. Kuna dalili tu."

"Dalili gani?"

Nikamtajia. Nabwire, nilimtajia kwa mpangilio, kama nilivyozinakili kwenye daftari. Toba ya kweli. Kuichukia dhambi. Kudumu katika imani. Alinisikiliza kama mtoto anayesikiliza masharti ya mtihani.

"Mimi ninazo?"

"Siwezi kusema unazo."

"Hata moja?"

Nikanyamaza. Nilinyamaza kama ninavyonyamaza mbele ya dereva ambaye hati zake zina upungufu, nikimwacha aelewe mwenyewe.

Akacheka kidogo, kile kicheko chake cha puani. "Basi mimi ni lori la kurudishwa," akasema, akageukia ukuta.

Mama yako alinifuata uani. "Umemwambia nini?"

"Ukweli."

"Ukweli wa nani? Mtu anakuomba maji wewe unampa kamusi!"

"Nikisema nisichokijua nitakuwa mwongo."

"Basi kuwa mwongo, Baba Nabwire! Mara moja tu! Rudi mle ndani uwe mwongo!"

Sikurudi. Kesho yake asubuhi nilisoma kurasa zangu kumi, nina tarehe yake hapa. Tangu ile jioni Wandera hakumeza tena uji. Mama yako alijaribu kwa kijiko, kwa kitambaa, kwa kumwimbia, na ule uji ukawa unamtoka pembeni mwa mdomo. Jumapili nilisimama mlangoni nikasema, "Wandera, Mungu ni mwingi wa rehema." Akauambia ukuta, "Hiyo ni ya walio ndani." Ndiyo maneno yake ya mwisho niliyoyasikia. Jumatatu akafa. Najua ugonjwa ungemchukua tu. Daktari yeyote angesema hivyo, na nimejiambia hivyo mara nyingi. Lakini ugonjwa haukumgeuza kuelekea ukuta.

Tulimpeleka Butula. Nyanya yako alikuwa amekaa chini kando ya jeneza, akanishika suruali, akauliza mbele ya watu wote, "Mwanangu aliondoka vipi?" Wewe ulikuwa umesimama nyuma yake na sare yako ya shule. Ningemjibu nini? Nikasema, "Aliondoka kwa amani, mama. Aliniambia anajua jina lake limo." Akaachia suruali yangu. Ilibidi niyarudie hayo kwenye mahubiri kaburini, kwa kuwa waliokuwa mbali hawakusikia, na nilipoyarudia yalitoka vizuri zaidi. Nikaongeza kwamba nilimwombea tukiwa tumeshikana mikono. Watu walilia. Basi nilikuwa mwongo kama mama yako alivyoniomba, ila nilichelewa, na yule ambaye uongo ungemfaa hakuwa na masikio tena.

Jioni ile ulinijia pale kwenye mabenchi ya matanga, ukasema, "Baba, nataka kusoma hayo maneno uliyomwambia baba mdogo." Ulikuwa na miaka kumi na mitatu. Ningekuambia siku ile ungelia wiki moja, ungekuwa mtu mwingine, labda mwalimu, labda muuguzi. Nilikupapasa kichwa nikasema ni vizuri.

Baada ya mazishi nilimaliza vitabu. Sikujua la kufanya isipokuwa kuendelea na namba. Nilisoma kwenye historia jinsi mji ule wa Geneva uliojaa wakimbizi wa imani ulivyomchoma moto mtu aliyefikiri tofauti. Nilisoma jinsi wachungaji Waholanzi waliosema mtu anaweza kuikataa neema walivyoondolewa mimbarani na kufukuzwa nchini mwao. Nilisoma jinsi watu kule Afrika Kusini walivyojihesabu kuwa taifa teule na kumfungia jirani yao nje ya geti. Halafu nikafika namba kumi na tisa, wale wapinzani. Na katika kurasa za mwanzo kabisa nikakuta mtu mmoja akiuliza: mchungaji atamwambia nini mgonjwa anayekufa, ikiwa hana ruhusa ya kumwambia kila mtu kwamba Mungu anampenda? Nilifunga kitabu. Kilikuwa mle chumbani siku zote, Nabwire. Kilikuwa chini kabisa ndani ya katoni, hatua mbili kutoka kitanda cha Wandera. Kama ningekuwa mtu asiye na utaratibu, wa kuchomoa kitabu chochote na kusoma popote, ningekuwa nimekwisha kukutana na swali hilo kabla yeye hajaniuliza lake.

Ningependa kuishia hapo na kusema ni vitabu vya juu vilivyomuua. Si kweli, nawe utaligundua hilo huko uendako, kwa hiyo bora nikuambie mimi. Katika kitabu namba tatu, mwalimu mwenyewe wa Geneva anawaonya watu wasijaribu kuchungulia siri ya Mungu kujua nani yumo. Anasema anayehangaika amtazame Kristo, basi, asitafute pengine. Niliisoma hiyo. Niliinakili kwa mkono wangu, na tarehe ikiwa juu, miezi saba kabla ya ile Alhamisi. Orodha ya dalili niliikumbuka yote. Hiyo sikuikumbuka. Mtu huyu ambaye nimesikia wakimlaani kwamba alikuwa na moyo wa jiwe, angekuwa yeye amesimama karibu na kile kitanda, nadhani angemjibu ndugu yangu vizuri kuliko mimi.

Tangu wakati ule nimevisoma vyote mara ya pili, nikitafuta mahali pangu. Wapinzani wanasema mtu yuko huru. Basi nilikuwa huru kusema neno la herufi tatu na sikulisema. Wale wengine wanasema yote yaliamriwa. Basi niliamriwa tangu kabla ya dunia kuwa mlango uliofungwa usoni mwa ndugu yangu, na siwezi kumshukuru aliyeamuru. Kila upande nikienda nakuta nimefungiwa. Ninaongoza maombi kanisani kwa sababu ratiba inasema ni zamu yangu. Ninaomba kwa sauti nzuri. Mama yako hajasema amina kwenye ombi langu hata moja tangu Machi ile, na hakuna aliyegundua isipokuwa mimi.

Kuna jambo moja zaidi, na nililitenda nikiwa mzima, mwenye akili timamu, bila maiti mbele yangu. Mwaka jana uliponiletea barua yako ya kuomba nafasi chuoni nikusahihishie Kiingereza, habari ya Wandera ilikuwa kwenye aya ya pili. Uliiandika vizuri sana. Nilichukua kalamu nyekundu. Nilirekebisha koma mbili na wakati wa kitenzi kimoja, nikakurudishia. Uliniuliza, "Baba, hakuna kosa lingine?" Nikasema hakuna.

Nilijua kwamba kwa aya ile watakuchukua. Na walikuchukua.

Sijui nikushauri nini, mtu niliye namna hii. Nakumbuka tu kwamba siku ile Wandera hakuwa akiuliza juu ya Mungu peke yake. Nafikiri sasa alikuwa ananiuliza kama mimi ningemtaka humo. Kama jina lingekuwa ni la kuandikwa na mimi, ningeliandika? Hilo nilikuwa na jibu lake. Halikuhitaji kitabu. Watakuja watu kukuuliza mambo ya mbinguni, nawe utakuwa na vyeti. Sikiliza kama hawaulizi habari ya hapa chini. Mimi sikusikia. Zaidi ya hapo sina, na hata hilo limenigharimu ndugu, kwa hiyo usilichukue kama hekima.

Leo baada ya chakula mama yako alinikuta uani, mahali palepale. Akasema, "Wewe usipomwambia, mimi sitamwambia. Mzigo si wangu. Lakini kesho usinishike mkono tumwombee." Akaingia ndani kukupigia pasi nguo. Umemsikia akiimba, ukadhani amefurahi.

Vitabu nimevifunga kamba, viko karibu na mlango. Sijavipanga. Vichukue au viache.

Kesho baada ya chai nitakupa barua hii mkononi. Usiiweke kwenye begi. Najua ungependa kuisoma njiani, lakini sitaki uyajue haya ukiwa mahali ambapo huwezi kunifokea. Isome mezani, mimi nikiwa nimekaa mbele yako. Basi linaondoka saa tatu, kwa hiyo una muda. Ukiamua hutakwenda, nitawaandikia chuoni mimi mwenyewe na kuwapa sababu, pamoja na jina langu. Ukiamua kwenda, nakuomba uwaambie kwamba aya ya pili si kweli, na ni nani aliyeitunga. Wanaweza kukurudisha. Hilo nalo ni juu yangu, na sina namna ya kulilipa.

Kama ukimaliza kusoma utanyanyuka na kwenda jikoni kwa mama yako bila kuniambia neno, nitaelewa. Nitabeba sanduku lako mpaka steji. Ninyi wawili mtangulie. Mimi nitatembea nyuma.

Baba yako